Mkawasi, Jina Lililokosa wa Kulibeba

Mchungaji Fanuel, wazee wa kanisa, majirani wa Sagalla na wageni mliotoka mbali, kabla historia hii haijaanza mnaombwa mfungue programu zenu ukurasa wa kwanza, mtoe kalamu, na katikati ya Tryphena na Mwandawiro muandike Mkawasi, kwa sababu programu hizi zimechapishwa Nairobi na waliochapisha hawakuambiwa kwamba marehemu alikuwa na jina la katikati. Aliyeteuliwa na familia kusoma ni mdogo wake, Elsie, na familia ilipomteua ilikuwa inamjua vizuri, kwa hivyo asilaumiwe. Kuna ukurasa mmoja uliopigwa chapa ambao alipewa jana jioni na kijana wa marehemu ili ausome badala ya huu, ni ukurasa mzuri, una maneno laini, na umo ndani ya mkoba wake ambamo utabaki.

Marehemu Tryphena Mkawasi Mwandawiro alizaliwa tarehe 14 Agosti 1953 hapa hapa Sagalla, kifungua mimba wa Mzee Danson Kilalo na Mama Majala, wote marehemu, na kwa kuwa alikuwa binti wa kwanza katika nyumba hiyo hakuna aliyeumiza kichwa kutafuta jina, alipewa la mama mzaa baba, Mkawasi, mwanamke ambaye mwaka wa kiangazi kikali alishuka mlima huu na kupanda tena kila siku kwa miezi minne akiwa na maji mgongoni, akiwanywesha watoto wake na wa jirani bila kuulizwa. Bibi huyo naye alilipata kwa bibi yake. Tryphena alilelewa akiambiwa habari hizo, na alipokuwa mvivu wa kuteka maji aliulizwa kama hilo jina amepewa au ameliokota njiani.

Alianza masomo mwaka wa 1961 katika shule ya msingi ya hapa mlimani, akafanya mtihani wa darasa la saba mwaka wa 1967 na kupita vizuri, akaendelea na sekondari hadi kidato cha pili mwaka wa 1969, ndipo baba yetu alipopatwa na ugonjwa wa kifua na Tryphena akarudi nyumbani kumsaidia mama shambani na kuwalea wadogo zake watano, akiwemo huyu anayesoma, aliyekuwa na umri wa miaka sita na mwenye makelele kama leo. Hati yake ya mkono ilisifiwa na kila mwalimu, na hati hiyo ndiyo iliyomtafutia kazi.

Tarehe 3 Februari 1975 aliajiriwa kuwa karani wa wodi ya wazazi katika hospitali moja mjini Voi, akafanya kazi hiyo miaka thelathini na mitatu mpaka alipostaafu mwezi Agosti 2008. Kila asubuhi alipita kitanda kwa kitanda na fomu zake akiuliza jina la mtoto, jina la mama, jina la baba, mahali wanapotoka, na akimaliza maswali ya serikali alikuwa na swali lake mwenyewe ambalo halikuwa kwenye fomu yoyote, nalo ni hili, "Na hili jina limetoka kwa nani?" Jibu aliliandika katika daftari la shule alilonunua mwenyewe, na lilipojaa akanunua lingine, hata yakawa tisa, na kama ulizaliwa Voi katika miaka hiyo basi umo humo, wewe na yule uliyerithi jina lake, pamoja na neno moja au mawili juu ya mtu huyo, kwamba alikuwa mfinyanzi wa Kasigau, kwamba alikuwa kipofu lakini mwimbaji.

Majina ya kisasa hayakumtisha, na wanaosema alikuwa mtu wa kizamani hawakumjua. Aliliandika la mtoto wa Kishushe aliyeitwa Landrova kwa kuwa alizaliwa ndani ya Landrova kabla gari halijafika lami, na wauguzi walipocheka yeye hakucheka, akasema hilo ni jina kamili, kuna gari, kuna barabara mbaya, kuna mama aliyevumilia, mtoto akikua ataulizwa na atakuwa na la kujibu. Alichokitaka Tryphena katika jina ni kwamba nyuma yake awepo mtu au jambo. Zaidi ya hapo aliandika chochote alichoambiwa, kwa hati ile ile nzuri.

Tena katika miaka hiyo walikuwepo akina mama waliotaka kumpa yeye heshima hiyo, na hapa daftari halisemi uongo, ni kumi na mmoja. Mmoja yuko hapa leo, Nthenya wa Maungu, mke wa Musyimi, ambaye mwaka wa 1994 alijifungua kwa shida siku mbili nzima huku Tryphena, ambaye hakuwa mkunga wala muuguzi, akiacha fomu zake na kumshika mkono, na mtoto wa kike alipotoka salama Nthenya akasema huyu ataitwa Mkawasi. Tryphena alikataa. Alimwambia ampe jina la mama yake Musyimi, na kweli mtoto akaitwa Mukonyo, naye amekaa pale karibu na mama yake. Katika daftari ameandika hivi, "Nthenya wa Maungu ametaka langu, nimemshukuru, langu nalihifadhia nyumba ya Ronald." Ronald wakati huo alikuwa na umri wa miaka minane, hajui hata kujifunga kamba za viatu, na tayari alikuwa amewekewa akiba.

Marehemu alifunga ndoa tarehe 6 Desemba 1975 na Phineas Mwandawiro, mfanyakazi wa reli katika stesheni ya Voi, mtu mpole aliyetutoka mwaka wa 2011, na Mungu aliwajalia watoto wawili, Abby aliyezaliwa mwaka wa 1979, na baada ya kungoja kwa miaka saba, Ronald, aliyezaliwa tarehe 22 Mei 1986. Abby ana watoto wawili wa kiume. Ronald alimuoa Daisy mwaka wa 2019, na kwa desturi yetu Wataita, ambayo hata vijana waliovaa miwani ya jua hapa msibani wanaijua, binti wa kwanza wa kijana ni wa mama ya kijana, hakuna haja ya kikao wala kamati. Ronald mwenyewe alimwahidi mama yake siku ya harusi, mbele ya watu, akiwa ameshika kipaza sauti.

Tarehe 8 Februari 2022 Daisy alijifungua mtoto wa kike huko Nairobi. Tryphena alikuwa ameshasuka kiondo kidogo cha katani, cha kubebwa na mtoto, na juu yake akadarizi kwa uzi mwekundu MKAWASI, kisha tarehe 12 Machi akapanda treni na kiondo chake mapajani kwenda kumwona wajina wake. Alifika akakuta keki mezani, na juu ya keki jina limeandikwa kwa sukari ya waridi, Zaviana.

Alimbeba mtoto, akambariki, akala keki. Halafu akauliza swali lake, lile aliloliuliza miaka thelathini na mitatu, na Ronald akamjibu kwamba ni jina la Kiebrania, maana yake neema mpya. Tryphena alirudi hapa akalitangaza kanisani kwa furaha, angalau lina Mungu ndani yake, na Mchungaji Fanuel, aliyesoma Kiebrania kidogo chuoni, akaenda kulitafuta vitabuni kwa wiki mbili, akarudi akizungukazunguka maneno kama anayekanyaga miiba, akasema labda ni Kiebrania cha sehemu nyingine. Aliyesema kweli ni Daisy, na kwa hilo anastahili heshima, maana alipopigiwa simu na kuulizwa hakuficha, alisema majina walipewa na programu ya simu, wakachagua matano, wakayatuma kwenye grupu la marafiki wapige kura, hili likashinda. "Haina maana yoyote, mum," alisema, "inasound tu poa." Tryphena alimshukuru, akakata simu, akafungua daftari la tisa ambalo hakuwa ameliandika tangu astaafu, na maneno yake yamo humo hadi leo, "Zaviana, binti wa Ronald. Limetoka kwa: marafiki kumi na saba."

Jina si baya, na msomaji hataki kusikika akimsema mtoto mdogo ambaye hakujipa jina. Tryphena alimpenda mtoto huyo kupita kiasi. Wala hakuomba jina la kura lifutwe, aliomba tu lake liongezwe pembeni, Zaviana Mkawasi, na kwa kuwa alikuwa karani alijua njia, alijua kwamba jina la mtoto linarekebishwa kirahisi ndani ya miaka miwili tangu kuandikishwa, baada ya hapo ni mawakili na gazeti la serikali. Mtoto aliandikishwa tarehe 1 Machi 2022. Mwezi wa Agosti mwaka huo Tryphena alichukua fomu, akaijaza yote kwa mkono wake, akaacha mstari mmoja tu, sahihi ya mzazi, akaituma Nairobi. Ronald alipoulizwa alisema, "Niko nayo mum, naishughulikia wiki hii." Wiki hiyo ilikuwa ndefu. Alisema hivyo Krismasi, akasema hivyo Pasaka, akasema hivyo siku alipoleta tangi la maji la lita elfu kumi, na haki itendeke, tangi alileta, dawa alinunua, paa alibadilisha, kwa mambo yanayobebwa na lori Ronald hakumnyima mama yake kitu.

Mwezi wa Novemba 2023 Tryphena aliifuata fomu mwenyewe. Aliikuta jikoni, imebandikwa kwenye mlango wa friji kwa sumaku, upande wake wa nyuma ukitazama watu, imejaa michoro ya kalamu za rangi, na Daisy akamwonyesha kwa fahari jinsi mjukuu alivyo msanii. Tryphena alisema imechorwa vizuri. Kesho yake alipanda treni akarudi Voi, na aliyempokea stesheni ni huyu anayesoma, ambaye alitaka kupiga simu hapo hapo na kusema yote mnayoyasikia leo, akazuiwa, akaambiwa, "Elsie, usiniombee jina kama mtu anayeomba chumvi." Basi akanyamaza, na hilo ndilo analojutia.

Ijumaa tarehe 1 Machi 2024 marehemu aliketi hapo barazani tangu asubuhi na simu kando yake, hata saa kumi na moja jioni, saa ya kufunga ofisi za serikali. Simu iliita mara moja, alikuwa mtu wa chama akiuliza habari ya viti. Baada ya hapo aliingia ndani, akakitoa kile kiondo kidogo kwenye msumari, akachukua sindano, akafumua herufi moja moja mpaka uzi wote ukatoka. Kiondo kiko pale mezani mbele ya jeneza, na mkisogea karibu mtaona matundu.

Kuhusu ugonjwa, marehemu alianza kusumbuliwa na kisukari mwaka wa 2012, akakidhibiti vizuri, lakini tarehe 19 Julai mwaka huu wa 2025 alipatwa na kiharusi kilichochukua upande wa kulia na ulimi wake. Alilazwa mara mbili, akihudumiwa na Abby. Mwezi wa Agosti Ronald na Daisy walikuja na mtoto, naye akasimama kando ya kitanda, akamtazama mgonjwa, akauliza huyu ni nani, akajibiwa ni grandma wa Voi, maana yuko mwingine wa Ruiru. Akauliza tena kama watoto wanavyouliza, "Lakini jina lake?" Watu wazima wakacheka. Tryphena hakucheka, alifungua kinywa akajaribu kujibu, akajaribu mara tatu, jasho likamtoka, ulimi ukakataa, na wakati huo mtoto alishapewa simu achezee. Alifariki tarehe 2 Oktoba 2025, saa nane mchana, katika hospitali ile ile aliyofanyia kazi.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomtunza, majirani wa Sagalla waliopanda mlima na kuni na maji siku zote tisa za matanga, vijana wa bodaboda waliobeba viti bila kuchoka, wenzake wa wodi ya wazazi, na fundi Morris aliyechonga msalaba, ambaye yumo katika daftari la nne ukurasa wa kumi, na ambaye bila kuambiwa na mtu aliandika majina yote matatu. Nthenya na mwanao Mukonyo, mmeshukuriwa kipekee, na mnaombwa radhi, mlikuja na mikono miwili mkarudishwa.

Ronald, historia inakaribia kwisha, na mama yako mdogo hana fomu ya kukupa. Tutakapofika kaburini, kabla ya udongo, mnyanyue mtoto aone ndani. Atakuuliza tena lile swali, ni mtoto mwerevu. Mjibu.

Nenda nalo, Mkawasi, dada yangu, nenda nalo lote, huku hakuna uliyemwachia. Mungu akulaze pema.