Kicheko cha Kamera Tupu

Benchi liko nje ya duka la fundi viatu, na birika la kahawa hukaa katikati kama mwenyekiti wa kikao. Wenyewe ni watatu: fundi viatu, kinyozi aitwaye Mkasi, na mzee Lenzi, aliyeishi kwenye filamu miaka arobaini, kwanza akibeba miguu ya kamera, kisha akaishika kamera yenyewe. Wenzake humtania kwamba hata kikombe hukitazama kwa jicho moja. Leo muuguzi mmoja, mgeni pale, alikuwa amemuuliza swali, na kwa bahati mbaya jibu alilijua.

— Rudia, mwanangu, wasikie na hawa, — alisema, akijitafutia muda.

— Mama yangu alicheza kwenye ile filamu yenu ya harusi. Alitoka mlangoni na beseni, akacheka. Shangazi alikuwepo, ameniapia. Nimeitazama mara kumi na nane, simwoni.

— Kakatwa! — Mkasi alidakia. — Mambo ya kukata niulizeni mimi. Mke wa mhariri aliona wivu.

— Akatwe wapi! — fundi viatu alibisha. — Vipande vizuri vyote vilipelekwa ng'ambo. Asiyefunzwa na mamaye hufunzwa na ulimwengu.

— Methali hiyo inaingiaje hapo?

— Imeshaingia, usiifukuze. Huko wamemjengea jumba zima, watu wanapanga foleni kumwona.

— Foleni gani? Kicheko kile kilipasua kioo cha kamera, serikali ikauficha mkanda!

Muuguzi alicheka kidogo, kisha akafuta macho.

— Alifariki nikiwa na miezi minane. Hatuna picha yake hata moja.

Mkasi aliinamia kikombe chake. Lenzi aliweka chake chini, roho ikimuuma.

— Hakukatwa, mwanangu. Mkanda ulikuwa umeisha. Na mama yako alikuwa amesubiri tangu alfajiri, kajipamba, kaazima mpaka viatu. Bosi akaninong'oneza: usimvunje moyo, jifanye unapiga. Tulizoea kufanya hivyo. Nikawasha kamera tupu.

— Tupu kabisa? — Mkasi aliuliza.

— Tupu. Akatoka, akacheka. Nikasema moyoni, Mungu wangu, picha nyingine kama hii siipati tena. Nikamwomba bosi tumwite kesho yake. Kesho yake tukahamia mji mwingine.

Fundi viatu alitafuta methali, akaikosa. Na Lenzi hakuwaambia lililobaki: kwamba tangu siku ile, kila mlango aliouelekezea kamera, alikuwa akimngoja mwanamke yule atokee tena. Alistaafu akingali anamngoja.

Alitegemea kutukanwa. Muuguzi akasogeza birika, akaketi.

— Kwa hiyo wewe ndiye uliyemwona.

— Kwa kioo cha kamera, mimi peke yangu.

— Basi niambie, baba. Alichekaje?

Lenzi akafumba jicho moja, kama zamani. Akamwona vizuri kabisa: beseni kiunoni, jua la saa kumi shavuni, kichwa kikienda nyuma, mkono ukiwahi kuziba mdomo na kuchelewa. Miaka arobaini alikuwa akiwaonyesha watu. Kuwasimulia hakuwahi kujifunza.

— Alicheka… — alianza, akitafuta neno linalofuata.

Muuguzi akamsogelea zaidi, akangoja.