Mzee Basili, Mkomunisti wa Mfongo wa Uru

Wasikilizaji wapendwa, wakubwa shikamooni, na wadogo marahaba hata kabla hamjaniamkia. Leo tunamkumbuka Mzee Basili Mmasi wa Uru, aliyefariki mwezi uliopita. Mzee Basili wa Uru, mkulima wa kahawa, na mkomunisti.

Naam, mkomunisti. Wala si wa kawaida. Alikuwa mfuasi wa Trotsky, yule Mrusi aliyefukuzwa na wenzake kwa kusema mapinduzi yasiishie nchi moja, wala yasiachiwe wakubwa wa ofisini. Basili aliyapata mawazo hayo ujanani, akifanya kazi kwenye kiwanda kimoja cha kukoboa kahawa mjini Moshi. Walikuwa vijana wachache, wakikutana chumba cha nyuma kwa fundi cherehani. Wakabishana. Wakagawanyika. Kundi dogo likazaa makundi madogo zaidi.

"Mwisho walibaki yeye na fundi," anasema mkewe, Bibi Salvina. "Na fundi alibaki kwa sababu chumba ni chake."

Kiwandani Basili akataka wafanyakazi wachague msimamizi wao. Akafukuzwa kazi. Akarudi kihambani, kwenye migomba na kahawa ya baba yake. Huko akaukuta mfongo, mfereji wetu wa maji kutoka mlimani. Zamu za maji ziligawiwa na wazee wachache, na wajane walikuwa wa mwisho. Basili akawashawishi watu wachague kamati, na kila mjumbe aweze kuondolewa siku yoyote. Wa kwanza kuondolewa alikuwa yeye mwenyewe. Alikuwa anahutubia mno, na migomba inakauka.

"Alirudi nyumbani anacheka," anasema Bibi Salvina. "Akaniambia, Mama Jovin, wamejifunza."

Lakini kanisani alikuwa haendi. Na kwetu Uru, wasikilizaji wapendwa, asiyekwenda jumuiya, mazishi yake ni mashaka. Majirani husali pamoja kila wiki, na hao hao ndio huchimba kaburi. Alipougua, Bibi Salvina alimsihi arudi, hata mara moja tu.

"Nikimdanganya Mungu wako, atanijua," akamjibu. "Mnizike bila sala. Nifukieni tu."

"Na nani akufukie, Baba Jovin? Mimi na mbuzi?"



Alipofariki, wanajumuiya walikutana kwa mwenyekiti wao, Mama Hilaria. Baadhi walisema kanuni ni kanuni. Ndipo Yuditha, mjane jirani, akasimama.

"Kanuni naijua. Lakini nilipofiwa, huyu mzee ndiye aliyenitetea nipewe maji mchana, nisikeshe mferejini na watoto. Mimi nakwenda na jembe langu. Anayebaki, abaki."

Asubuhi walikuja wote. Walichimba kabla hata ya chai. Wakati wa kuzika ulipofika, Mama Hilaria akatoa rozari yake. Bibi Salvina, aliyeihitaji sala ile kuliko mtu yeyote pale, akamshika mkono taratibu.

"Tusali ndani kwangu, dada. Hapa tumfukie tu. Ndivyo alivyoomba."

Wakamfukia kimya, wanaume kwa wanawake, wakipokezana chepe. Kisha wakaingia ndani, wakasali na mjane mpaka ndizi zikaiva jikoni.

Pole sana, Bibi Salvina. Pole, Jovin, na ndugu wote wa Uru. Nasi tuliosikia, kila mmoja amfikirie jirani yake mmoja ambaye hakubaliani naye kwa lolote. Tujiulize kama siku ya msiba wake tutafika, na kama tukifika tutamwacha alale kwa namna aliyoitaka mwenyewe.