Leandro Requena Hakuwakimbia Fahali

Baba Padre, ndugu waombolezaji na majirani wote wa Montijares, kabla sijasoma historia ya kaka yangu lazima nitaje kosa langu, maana kwa Padre nimeliungama mara nyingi lakini kwenu sijawahi, nalo ndilo lililomfanya aitwe mwoga miaka yote hii, na kwa ajili yake wazee wa chama cha wapenzi wa mchezo wa kupigana na fahali wamesita hadi asubuhi hii kama jeneza lake lizungushwe uwanjani kwa heshima ya mpiganaji, au liende makaburini moja kwa moja.

Marehemu Leandro Requena Pardo alizaliwa hapa hapa tarehe 3 Machi 1938, mtoto wa kwanza wa Isidro mwoka mikate na Mama Encarnación, nami Eutimio nikamfuata. Alisoma shule ya parokia hadi darasa la nne, akaachishwa ili asambaze mikate, ambayo ilifika imepoa kwa sababu alipitia machinjioni kuwachezesha ndama kwa aproni ya baba.

Siku ya Pasaka, tarehe 17 Aprili 1960, alipewa daraja la mpiganaji kamili mjini Sevilla, nami nikawa mshika panga wake, wa kumvalisha na kumwandalia panga na vitambaa vyekundu vya kumchezeshea fahali. Tarehe 12 Mei 1962 alifunga ndoa na Visitación Luque, binti wa fundi viatu, Mungu akawajalia Araceli na Fuensanta.

Tarehe 19 Septemba 1965, katika sikukuu yetu, upepo ulivuma sana, na kila mshika panga anajua kwamba siku kama hiyo kitambaa hulowanishwa na kupakwa mchanga ili kiwe kizito, lakini mimi nilikuwa langoni nikijitapa kwa wasichana, nikampa kitambaa kikavu, upepo ukakiinua, fahali akakiacha akamfuata yeye, pembe ikazama kwenye paja. Nilipolia kando ya kitanda aliniambia, "Nyamaza wewe, Mama yuko mlangoni. Sema ulikuwa upepo tu."

Mguu haukupona sawasawa, na tarehe 2 Oktoba 1966 alikatwa kile kishungi cha nywele cha kisogoni ambacho ni alama ya mpiganaji, akaacha kazi, akawaambia waandishi wa habari kwamba amechoka, asiutaje mguu wala kitambaa. Kule kilabuni marehemu Cosme kinyozi akaniuliza, "Eutimio, kumbe kaka yako amegundua leo kwamba pembe zina ncha?" Watu wakacheka, na mimi, Mungu anisamehe, nikacheka nao.

Kuanzia 1967 aliigiza filamu thelathini na moja, nyingi huko Almería, za watu wa farasi na bastola, watengenezaji wakampenda kwa kuchechemea kwake, na karibu katika zote aliuawa. Mama alikuwa akipiga kelele kwenye ukumbi wa sinema, "Leandro, geuka, yuko nyuma yako," kisha anamlaumu, "Mwanangu, hawa watu watakuacha lini uzeeke?" naye anajibu, "Mama, nikifa mapema nawahi chakula cha mchana." Alikuwa mtu wa furaha, alikula vizuri, aliwapenda wajukuu zake watano, na hakuwahi kunikumbusha kile kitambaa.

Aliugua mapafu tangu 2013, akafariki tarehe 9 Januari 2015, asubuhi, akiwa amepakwa mafuta matakatifu, na wiki moja kabla nilimwomba ruhusa ya kuwaambia haya, akasema, "Subiri nife kwanza, nisione wanavyokutazama."

Tunawashukuru madaktari na wauguzi wa Sevilla, majirani waliomletea mchuzi kila siku, wenzake wa uwanjani na wa filamu waliofika kutoka mbali, na Padre wetu. Kaka, Bwana akupe pumziko la amani, unisamehe na hapa mbele za watu.

Na ninyi wazee wa chama, naomba mumbebe mabegani, mumzungushe uwanjani mara moja, halafu ndipo twende makaburini.