Meli ya Saruji Iliyomwacha Baba

Kijiwe chenyewe ni benchi moja refu lililobonyea katikati, limeegemezwa kwenye ukuta wa fundi viatu, na ng'ambo ya barabara kuna lango la iliyokuwa kambi ya wanamaji. Ukikaa hapo unaiona meli. Ina mlingoti, madirisha ya duara, kengele, na ngazi ya kupandia. Ilichokosa ni maji tu. Ilijengwa kwa saruji wakati wa vita, katikati ya uwanja, ili vijana ambao hawajawahi kuona maji mengi kuliko ya karai wafundishwe ubaharia. Asubuhi hiyo wenye benchi walikuwa watatu: Gundi, ambaye ndiye fundi viatu, Breki, dereva wa malori mstaafu ambaye hakuna aliyewahi kumwona akisimamisha maneno, na Wakili, ambaye hakusoma sheria ila aliwahi kuitwa mahakamani kutoa ushahidi, na tangu hapo hajashuka kizimbani. Kahawa iliuzwa na Mama Birika, na siku hiyo aliimimina kama anayezima moto.

Alikuwa ametoka kambini muda si mrefu. Kambi imegeuzwa makumbusho, Jumamosi inafunguliwa, na ukutani yanachorwa majina ya wote waliofunzwa pale. Mama Birika alikuwa amepeleka picha ya marehemu baba yake akiwa na sare, kola imenyooka, kidevu juu. Kijana wa ofisini akaipokea kwa heshima, akaingia ndani, akarudi nayo bila tabasamu aliloingia nalo. Jina la mzee haliwezi kuchorwa. Mzee aliitoroka meli wakati wa vita.

— Kaniambia hivyo, usoni, na meli iko nyuma ya mgongo wake, alisema Mama Birika. Ndege wamejaa juu ya mlingoti.

Kisa alikijua tangu utotoni, maana kilianza naye. Mle kambini vijana walilazimishwa kuishi kama wako baharini. Sakafu iliitwa sitaha. Mashua iliwekwa kwenye nyasi, na vijana wakapiga makasia hewani mpaka viganja vikachubuka. Kutoka langoni kuliitwa kushuka nchi kavu, tena kwa ruhusa, na kengele ikigongwa uwe umerudi. Siku mama yake aliposhikwa na uchungu, baba aliomba ruhusa akashuka. Mtoto naye hakuwa na haraka. Baba alimngoja, akamwona, akambeba, kisha akatimua mbio. Alipofika, kengele imeshagongwa. Mlinzi akamwambia kwa sauti ya serikali kwamba meli imeng'oa nanga. Baba akachungulia kwenye nondo: meli ile pale, na wenzake wako sitahani wanaanika soksi, wanampungia mkono.

Wakamfukuza kwa kosa la kuikimbia meli vitani. Mtaani wakamwita Mtoro, na binti yake akaitwa Mtoto wa Mtoro mpaka alipoolewa.

— Huo ni uonevu, alisema Wakili, akikohoa kama jaji. Lakini tuangalie sheria. Bendera ikishapandishwa, ndani ya lango ni bahari. Kwa hiyo meli inaweza kuondoka kisheria bila kuondoka kimwili.

— Kimwili pia iliondoka, alidakia Breki. Mimi nimebeba mizigo maisha yangu yote, siwezi kudanganywa na saruji. Chini ya ile meli kuna magurudumu.

Akaeleza kwamba usiku iliburutwa mpaka pwani kwa malori, ikapigana, na alfajiri ikarudishwa ikiwa imeoshwa. Gundi akamuuliza mbona haikuzama. Breki akasema ndiyo siri yenyewe ya vita, na kama kila fundi viatu angeijua isingeitwa siri.

Gundi, aliyeguswa pabaya, akatoa yake. Meli ile ilikuwa chambo. Ndege za adui ziliiona kutoka juu, zikaimwagia mabomu mpaka zikaishiwa, wakati meli za kweli zimejificha zinanywa chai. Kwa hiyo imepigana kuliko zote, na yule mzee alitoroka vita vikali sana.

— Gundi, alisema Mama Birika.

— Naam, mama.

— Unamtetea baba yangu au unamzika mara ya pili?

Gundi akarudi kwenye kiatu chake. Lakini Wakili alikuwa ameshapata upepo. Kama ndani ni bahari, alisema, basi hata barabara hii ni ufuo, na sisi hapa benchini ni watu waliookolewa kwenye ajali, tunastahili mablanketi. Breki akaongeza kwamba yeye alishahisi unyevunyevu muda mrefu. Wakacheka wote watatu. Mama Birika hakucheka. Alikuwa anawaza ukuta wenye majina ya waliokuwa wakianika soksi, na Jumamosi wajukuu wa mzee wakilitafuta la babu yao kuanzia juu mpaka chini.

Hapo ndipo alipovuka barabara mtu mwenye ovaroli yenye madoa ya rangi, mgeni kabisa pale kijiweni. Alikuwa mchora maandishi, ndiye aliyeletwa kuchora yale majina. Akaomba kahawa, akakaa pembeni, akasimuliwa kisa chote na watu watatu kwa mkupuo. Akapuliza kikombe, akaitazama meli.

— Kumbe iliondoka, alisema. Sasa ilirudi lini?

Breki akafungua mdomo. Akaufunga.

— Naona ipo, aliendelea mchoraji kwa upole. Ndiyo maana nauliza.

Mama Birika alilifunika birika. Wakili aliyekuwa ananyoosha kikombe aliachwa nacho hivyo hivyo, mkono mbele kama anayesubiri mvua. Mama akavuka barabara, birika na kikapu cha vikombe mkono mmoja, picha ya baba mkono wa pili, akampita mlinzi wa lango, akaketi kwenye ngazi ya meli, akapanga vikombe vyake pembeni.

— Mama, unafanya nini hapo? aliuliza mlinzi.

— Naingoja meli iliyomwacha baba yangu. Ikirudi, mniambie.

Mlinzi akaitazama meli. Akamtazama mama. Kisha akavua kofia, akaenda taratibu kumwita kijana wa ofisini.