Volkmar Dressler na Zamu ya Baba Yetu

Ndugu waombolezaji, mimi ni Irmtraud, dada pekee wa marehemu, na familia imenipa kazi ya kuwasomea maisha yake.

Volkmar Dressler alizaliwa Bamberg tarehe 14 Machi 1938, mtoto wa pili wa Alwin, mtumishi wa reli aliyezifungulia treni njia, na Kunigunde, mshonaji. Alianza shule Septemba 1944, akasomea historia mjini Munich kuanzia 1957 hadi 1962, akaingia katika uandishi wa filamu za kihistoria, na mwaka 1974 akaanzisha kampuni yake, akatayarisha filamu kumi na moja. Alimwoa Roswitha tarehe 9 Mei 1966, hawakujaliwa watoto, na Roswitha akatangulia mwaka 1985.

Filamu yake ya saba, iliyotoka Oktoba 1988, ilimwonyesha baba yetu, kwa jina lake halisi, akiifungulia njia treni ya wafungwa wa kambi za mateso asubuhi ya tarehe 11 Februari 1945, kwa kuwa Volkmar aliikuta zamu hiyo katika daftari la stesheni, naye hakuandika neno lisilo na karatasi. Nilimpigia simu, nikamwambia, "Umemuuza baba kwa bei ya sinema, bwana mkubwa!" Akajibu, "Dada, daftari halina undugu." Nikakata simu, na tangu hapo hatukusemezana.

Mwaka 2003 alipata, ndani ya faili jingine, kikaratasi kilichoandikwa kwa penseli, kilichothibitisha kwamba siku hiyo baba alibadilishana zamu na mwenzake. Filamu ilikwisha kusambaa, haikurekebishika, basi kila ilipoonyeshwa alisafiri peke yake, akangoja majina ya walioitengeneza yamalizike kupita kwenye skrini, akasimama mbele ya watu waliokuwa wakivaa makoti, akasema, "Alwin Dressler hakuwa kazini asubuhi ile, kosa ni langu." Kila mara aliniandikia mapema tarehe na mahali pa onyesho. Nilikwenda mara moja, Würzburg, mwaka 2011. Tulikuwa watu tisa, akauliza kama kuna mwenye swali, nikainamisha kichwa, nikatoka.

Aliugua moyo tangu Januari 2021, akafariki nyumbani kwake, peke yake, tarehe 3 Novemba.

Tunawashukuru madaktari, wafanyakazi wenzake, na jirani yake, Bi Ottilie Krapf, aliyempelekea supu, naye ndiye aliyemkuta amefariki. Mezani palikuwa na barua aliyoniandikia, haijatiwa stempu: Coburg, tarehe 20 Novemba, saa kumi alasiri.

Nitakwenda, na majina yakimalizika kupita nitasimama mimi. Wewe sasa keti, mdogo wangu, upumzike kwa amani.