Gauni Lililonukia Karafuu Maiti

Lori la Katana hilo, linanguruma uani. Usiku kucha nimelisubiri, na sasa limefika nataka lingoje. Sikilizeni, Mbeyu ndugu yangu, nawe Mwanasha mwanangu, njooni hapa kitandani, msilie, nitasema haraka haraka maana uchungu ukirudi sitaweza. Mkunga amesema mtoto amelala upande, hatoki mpaka nipasuliwe, na hospitali ya Msambweni ni mbali, nami naogopa, sitawaficha, naogopa sana, lakini moyo wangu umetulia na nitawaambia kwa nini.

Cherehani ni yako, Mbeyu. Mkasi mkubwa alioniachia memsabu, yule Mzungu wa nguo za sinema, ni wa Mwanasha, ila asikatie karatasi. Lile daftari nililochora nguo za sinema zote tatu, liwekeni pamoja na vyeti vyangu vya shule. Watu wa Tiwi walisema nimepotea, mke wa mtu, amesoma mpaka kidato cha pili, anashinda Diani akiwapima Wazungu viuno. Waacheni. Memsabu alikuja hapa mwaka wa hamsini na nne akitafuta mtu wa kupachika vifungo, akaiona kanzu niliyomshonea mume wangu Matano, akaigeuza ndani nje autazame mshono, na tangu siku ile sikupachika vifungo tena, nilibuni. Mimi nilimwonyesha kwamba mke wa mvuvi hafungi leso vile, yeye akanifundisha kuchemsha nguo mpya na magome ya mkoko na kuisugua kwa jiwe, mpaka ionekane kuna mtu ameishi ndani yake. Sinema ilipoonyeshwa Mombasa jina langu halikuandikwa, mlikuwepo, lakini pindo langu lilipita pale juu, kubwa kama nyumba, nikacheka peke yangu gizani. Kazi ile nimeshiba. Sidai kitu.

Sasa lile gauni jeupe. Katika sinema ya pili bibi harusi anaingia baharini na nguo zake, kwa hiyo yalitakiwa magauni mawili yanayofanana, moja likilowa avae jingine. Nami kwa pupa yangu la pili nikalikata mikono yote miwili ya kushoto. Kitambaa kimekwisha, ilikuwa Idi, maduka yamefungwa, na memsabu alikwisha kusema asubuhi asipolikuta ataleta fundi kutoka Nairobi. Nikafungua sanduku la mama mkwe nikatoa sanda yake. Mnaijua, bafta aliyoletewa na marehemu mumewe kutoka Makka, ikaroweshwa maji ya Zamzam, ikakunjwa na karafuu maiti, naye huitoa juani kila Rajabu akainusa kama anavyonusa mtoto mchanga. Nikaikata. Mbeyu, wewe ulikuwa ukinitungia uzi, ukauliza mbona kitambaa kinanuka maiti, nikakufokea. Nisamehe. Yule mwigizaji alinusa mkono wake akauliza ni manukato gani, anunue chupa. Kisha akaingia nalo baharini mara tisa.

Nikanunua bafta nyingine, nikaikunja vile vile, nikairudisha. Zamzam sikuwa nayo. Miaka mitatu namwona akikianika kitambaa cha dukani na kumwombea dua mumewe, nami nageuza uso. Jana nikajua siwezi kwenda kupasuliwa bila radhi yake. Nikamwita alasiri, nikamwambia yote, sikumtazama.

Akaketi kitandani pembeni yangu. Kisha kitanda kikaanza kutikisika, kumbe anacheka, na machozi yanamtoka.

“Mwanangu,” akasema, “wewe ulikata bafta ya Mhindi wa Msambweni. Ile ya Makka nilimvika mke mwenzangu.”

Mke mwenzake alifariki mwaka wa mvua kubwa, barabara imekatika, mume yuko safarini, hakuna bafta nyumba nzima, na wao wawili walikuwa hawajasemezana miaka kumi na mmoja. Akamwosha mwenyewe, akafungua sanduku. Baadaye akanunua nyingine, akawa anainusa mbele ya mumewe kila Rajabu mpaka mzee akafa hajui. Nikamwuliza kwa nini hakumwambia.

“Angenisifu,” akasema. “Na wale watoto wake wangekuja kunishukuru. Sikutaka. Tuligombana vizuri mimi na mama yao, tuachwe hivyo hivyo.”

Akaniwekea mkono tumboni, akanipa radhi yake mara tatu. Ndiyo maana nimetulia.

Nikamwomba ruhusa niwaambie ninyi, kwa kuwa ninyi ndio mtakaomwosha siku yake ikifika, na Mbeyu asije akasema la kitambaa kile mbele ya watu. Akasema, hao tu. Basi mvikeni iliyomo sandukuni, msitafute nyingine. Lile gauni memsabu alinirudishia, limo chini kabisa ndani ya kikapu changu. Mwanasha, likikutosha ukubwani livae, ni nguo ya duka tu, halina dhambi. Mtoto akipona nami nisipone, Mbeyu umlee, usimwache kwa watu. Mungu awape macho yasiyochoka na mikono... mikono yenye... ngojeni. Unarudi.

Nishikeni. Kabla hamjaniinua, semeni kwamba siri hii haitoki. Mbeyu, nimekusikia. Mwanasha, sema nawe, sitamwambia mtu... Hapana, mama, hata baba yako. Yeye hasa, atawaambia wale ndugu zake. Sema tena, nikusikie. Sitamwambia... mtu mwingine. Ehe. Hivyo hivyo.