Ubarum, Mjenga Kuta wa Dur-Belanum, na Ukuta Uliomwangukia

Marehemu Ubarum, mtoto wa kwanza wa fundi Nabi na mama Lamassi, alizaliwa hapa Dur-Belanum mwezi wa kufyatua matofali, katika ule mwaka ambao mfalme aliupa jina la Mwaka Mfereji wa Kusini Ulipochimbwa. Jina hilo lilikuwa la kweli. Mfereji ulichimbwa, na maji yake tunayanywa hadi leo. Mji wakati huo haukuwa na ukuta. Nyumba za pembeni zilipeana migongo, mianya ikazibwa kwa miiba, na watu walilala na viatu miguuni.

Alipokuwa mdogo aliwajengea bata wa bibi yake boma la udongo, na lango lake kabisa. Bata mmoja akajigeuza na kulibomoa kwa tako. Ubarum alimgombeza bata huyo mpaka jioni. Bibi alipomwambia aache, alijibu, "Bibi, adui wa nje ningemwelewa. Huyu yumo ndani!"

Baba yake alimpeleka nyumba ya waandishi ili apate kazi ya kivulini. Hakumaliza hata msimu mmoja. Udongo wa kuandikia aliufyatulia vitofali, akavipanga nyuma ya mkeka wa mwalimu. Alirudishwa akiwa ameshikwa sikio. "Mzee Nabi, chukua mwanao," mwalimu alisema. "Akiona udongo, maneno hayaoni tena." Tangu siku hiyo alishika kalibu ya matofali, na hakuiweka chini maisha yake yote.

Ukuta wa kwanza wa mji aliujenga na baba yake. Ulikuwa mfupi. Watu wa mlimani waliuruka usiku wa mavuno, wakaondoka na mbuzi, shayiri na dada yake Ahatum, ambaye hajaonekana tena. Ubarum hakulia. Alikasirika, na hasira hiyo ndiyo iliyojenga mji huu. Aliuongeza ukuta unene mpaka punda wawili wakaweza kupishana juu yake. Akatoa minara nje ya mstari, ili mpiga mishale amwone adui anayejibanza chini. Lango alilipinda, anayeingia kwa fujo akutane na ukuta mwingine usoni. Handaki alilichimba mbele, na udongo wake ukawa matofali. Kila baada ya mistari michache alitandika mikeka ya matete ili ukuta ushikane na kukauka. Aliyefunga punda ukutani au kumwaga takataka pale alitukanwa mpaka majirani wakatoka kusikiliza.

Mkewe, Narubtum, alimpata kwa ugomvi. Alimkamata akichomoa matofali ya ukuta ajengee tanuri la mikate.

"Wewe mwanamke, unabomoa mji!"

"Na mji utakula nini nisipooka? Tofali?"

Aliyarudisha matofali, yeye akapewa mengine mapya na tanuri likajengwa na fundi mwenyewe. Walioana Mwaka Watu wa Mlimani Waliposhindwa. Jina hilo nalo lilikuwa la kweli, kwani walishindwa mbele ya lango lake lililopinda. Walijaliwa watoto watatu.

Marehemu hakuugua. Goti la kushoto lilimsumbua wakati wa baridi, basi. Lisemwe wazi, maana barazani watu wa liwali wa mji wanasema alikuwa dhaifu.

Mwaka uliopita liwali aliamua kuongeza ukuta mkubwa upande wa mto. Alitaka mwaka mpya upewe jina la ukuta huo, naye akumbukwe mbele ya mfalme. Kwa hiyo ulipaswa kukamilika kabla ya sikukuu, na alianza kuujenga wakati wa mvua. Mwezi wa kufyatua matofali unajulikana na kila mtoto wa mji huu. Matofali ya masika hayakauki. Na mikeka ya matete, alisema liwali, inachelewesha watu.

"Bwana liwali, huu si ukuta, ni uji," Ubarum alimwambia mbele ya wote.

"Fundi, mwaka haukungoji wewe."

"Basi uite mwaka kwa jina la uji."

Alifukuzwa kazini. Sikukuu ilifika, na mpiga mbiu akatangaza: huu ni Mwaka Ukuta Mkuu wa Dur-Belanum Ulipokamilika. Mwezi huohuo ukuta ulianza kutoa tumbo. Wachukuzi walikuwa bado chini handakini. Ubarum alishuka kuwatoa, akautegemeza kwa magogo ya mitende, na wote wakatoka isipokuwa yeye; ukuta ukamwangukia. Hakuitwa wala hakulipwa. Alikwenda kwa sababu ulikuwa ukuta wa mji wake.

Kisha ikaja aibu ambayo familia hii haitaisamehe. Mjumbe wa mfalme alikuwa njiani, na liwali akaamuru ukuta ujengwe upya juu ya kifusi, marehemu akiwa chini yake. "Fundi kulala ndani ya ukuta ni heshima," alisema. "Ataulinda mji."

Narubtum alipanda juu ya kifusi, akaketi. "Ataulinda na kiu?" alisema. "Huko nani atammiminia maji? Nani atamwita jina lake mwezi ukiandama? Mume wangu atalala chini ya sakafu yake, kando ya mama yake, kama watu. Unataka kujenga? Anza na mimi."

Walinzi walisogea. Wachukuzi waliweka makapu chini. Hakuna aliyebeba hata tofali moja, hata wale walinzi walipoinua fimbo. Mji mzima ulichimba kwa mikono. Tulimkuta na tofali kifuani lenye muhuri wa mfalme, na lilikuwa bado laini. Kidole changu, mimi mdogo wake Sillaya, kilizama mpaka kwenye fundo.

Marehemu ameacha mjane, Narubtum, watoto wake Apil-ili, Belessunu na Iddinum, mimi Sillaya, wajukuu wanne, na dada yetu Ahatum, tunayemtaja kwa sababu hatujamzika.

Mwandishi wa liwali ameagiza tusome hapa kwamba alifariki Mwaka Ukuta Mkuu Ulipokamilika. Kuanzia leo kila hati ya shamba na ya ndoa nchini itabeba jina hilo. Katika nyumba hii halitatamkwa. Ubarum alifariki mwezi wa kwanza wa Mwaka Ukuta wa Liwali Ulipomwangukia Ubarum, na watoto wetu watahesabu hivyo.

Shemeji, mimina maji. Kunywa, kaka. Wewe pumzika kwa amani, uko kwako. Sisi amani bado hatunayo.